Je, kumkosoa zumbe ni kuvunja mila? Jibu kwa msomaji wa Tanga

"Shikamoo Mwalimu. Mimi ni mwanamke wa miaka 36, naishi Tanga mjini. Baba yangu ni Mkilindi, ukoo wa watawala wa Usambara, wa upande wa Vuga; mama ni Mbondei wa Muheza. Ukoo wetu una kundi la WhatsApp lenye watu zaidi ya mia. Mwaka huu wazee wametangaza kwamba watamsimika baba mkubwa mmoja awe zumbe, yaani mtawala wa jadi wa Kisambaa, na kila kaya itoe shilingi 50,000. Mdogo wangu wa kiume akaandika kwamba ufalme ulikufa kwa sababu babu zetu waliwanyanyasa watu, na kwamba hiyo pesa bora ikalipe ada za yatima wa ukoo. Ametozwa faini ya mbuzi, ameambiwa amevunja mila kwa kumsema mfalme. Baba mkubwa anasema Nyerere ndiye aliyetupora ufalme, na zamani hakuna aliyethubutu kufungua mdomo mbele ya Simba Mwene, mfalme wa Vuga. Anasema Rais mwenyewe sasa ni chifu, Uganda wamerudishiwa wafalme wao, na akishasimikwa ataanza kudai mashamba ya wafalme kule milimani. Bibi naye anasema mvua ziliharibika tangu mazumbe waondolewe. Mimi nimekaa katikati. Nani anasema kweli, na mdogo wangu atoe mbuzi?"

Marahaba, mwanangu. Nianze na mbuzi, maana naona ndiye aliyekufanya uandike. Hakuna chombo chochote nchini kinachoweza kumlazimisha mdogo wako kumtoa. Akitaka kumtoa kwa heshima ya wazee, pengine kwa kuwa alitumia maneno makali mbele ya watu wazima, hilo ni lake na la malezi mliyopewa. Ila akimtoa kwa kuaminishwa kwamba mila za Kisambaa zinakataza kumsema mtawala, atakuwa amelipia kosa ambalo mila zenyewe hazilitambui. Nitakueleza kwa nini, na itabidi univumilie, jibu linaanzia mbali.

Kabla ya hapo nikutahadharishe: mimi ni Mbondei. Babu zangu ndio waliowafukuza Wakilindi huku Bonde, kwa hiyo yapime maneno yangu kama unavyopima ya shahidi mwenye undugu na mshitaki. Lakini nimefundisha historia ya mkoa huu miaka mingi, nimekaa barazani na wazee wa Vuga, Bumbuli na Mlalo, na nimekunywa chai yao. Sina kisa na baba yako mkubwa. Nadhani ana nusu ya ukweli, na mdogo wako ana nusu, na wote wawili wameshika nusu ile rahisi.

Mbegha, mwanzilishi wa ufalme wa Wakilindi, unamjua. Mwindaji kutoka Nguu, kigego aliyeota meno ya juu kwanza, ndugu zake wakamnyima urithi, akatangatanga na mbwa wake na mikuki yake mpaka akapanda milima ya Usambara. Akawakuta wakulima wanasumbuliwa na nguruwe mwitu. Akawaua nguruwe, akagawa nyama, na wao wakampa vyakula vya shambani. Sifa zake zikafika Vuga, na huko akamuua simba usiku; kulipokucha watu wakamkuta na simba wake, wakamwita Simba Mwene. Wanaohesabu vizazi wanakadiria ilikuwa mwanzoni mwa karne ya 18.

Kwenye sherehe za koo watu hukimbilia kwa simba, maana simba anapendeza kwenye fulana. Mimi nakuomba ubaki kidogo na nguruwe. Simulizi ile si kiapo cha mahakamani, na sitakuapia kwamba kila jambo lilitokea hivyo hivyo. Lakini ni simulizi ambayo ufalme wenyewe ulijisimulia, na ndani yake mfalme hakuja na jeshi. Alikuja na nyama. Watu walimpa kiti kwa sababu mazao yao yalipona. Ukoo unaojivunia hadithi hiyo umekwisha kukiri kwamba cheo kilitokana na kazi, na mtu aliyepewa cheo kwa kazi huulizwa kazi iko wapi.

Jambo la pili katika hadithi hiyo hiyo husahaulika zaidi. Mbegha alioa katika koo mbalimbali za wenyeji. Watoto wake wakakulia ujombani, na waliposhika madaraka wakawa mazumbe juu ya wajomba zao wenyewe. Fikiria maana yake. Zumbe akikaa kwenye baraza lake Bumbuli, mbele yake wamekaa watu wanaomwita mpwa wetu. Na wajomba unawajua, wewe una wako Muheza: mjomba hasubiri ruhusa ya kusema. Huo ulikuwa mlango wa kwanza wa ukosoaji, na ulijengwa ndani ya nyumba tangu siku ya msingi.

Sasa nije kwa lugha, maana Kisambaa kinatunza ushahidi kuliko majalada. Muulize bibi maana ya kuzifya shi na kubana shi. Kuzifya shi ni kuiponya nchi, kuitengeneza, mvua inyeshe kwa wakati, migomba izae, watu wasiuzwe. Kubana shi ni kuiharibu. Maneno yote mawili yalisemwa juu ya watawala. Taifa ambalo halithubutu kumsema mfalme halijitungii neno la mfalme anayeiharibu nchi, likalirithisha kwa wajukuu. Tena walikuwa na usemi mwingine, nguvu kwa nguvu, wa hali ile ambayo wenye uwezo wawili wanavutana na hakuna aliyemshinda mwenziwe. Wazee waliniambia hapo ndipo njaa huingia. Mfalme mmoja mwenye nguvu, hata akiwa mkali, huitunza mvua kwa sababu nchi ni yake. Wakishindana wawili, kila mmoja huitumia mvua kama fimbo ya kumchapia mwenziwe, na anayeumia ni mkulima.

Hapo namwonea huruma baba yako mkubwa, maana nusu yake ya ukweli iko hapo. Chini ya Kimweri ye Nyumbai, aliyefariki 1862, Vuga ilikuwa na mamlaka kweli kweli. Mmisionari Krapf alifika 1848 na akarudi 1852, akakuta mfalme anayetiiwa na watu wa milimani na wa Bonde, na ambaye hata huku pwani ya Tanga na Pangani sauti yake ilisikika pamoja na ya Sultani wa Unguja. Mbele ya mtu kama huyo hukusimama ukampa vipande vyake. Kusema uso kwa uso kulikuwa hatari, na tusiupake ufalme ule asali: kulikuwa na kodi ya mifugo, watu walinyang'anywa, na wengine waliuzwa utumwani. Mdogo wako hakuyazua.

Lakini hatari ya kusema haimaanishi watu hawakusema. Walisema kwa miguu. Mtu aliyechoka na zumbe wa upande huu alivuka bonde akajenga upande wa pili, na zumbe asiye na watu ni mwindaji asiye na mbwa. Walisema kwa kuchelewesha kodi. Na ilipofika mwisho walisema kwa mikuki. Kimweri alipokufa, mjukuu wake Shekulwavu akakalia kiti, na Semboja, aliyekuwa chini Mazinde kwenye njia ya misafara, akiwa na bunduki na biashara, akaupindua mpango. Vita vya ndugu wale vikawa soko la watumwa. Ndipo mwishoni mwa miaka ya 1860 Wabondei wakainuka katika mapigano yaitwayo Kiva, wakawatoa Wakilindi katika nchi yao. Kwa hiyo anayekwambia zamani hakuna aliyefungua mdomo, mkumbushe kwa adabu kwamba upande wa mama yako walifungua zaidi ya mdomo.

Baada ya hapo kuna kipindi ambacho nadhani ndicho jibu lenyewe la swali lako, na ndicho kisichozungumzwa kabisa kwenye vikao vya ukoo. Wajerumani walipoingia walimnyonga mtawala wa Vuga, Mputa, katika miaka ya 1890. Jaribu kuwaza watu waliofundishwa kwamba uhai wa nchi umefungwa kwenye mwili wa mfalme, wanamwona mfalme amening'inizwa na wageni. Kinyashi aliyewekwa baadaye alikikalia kiti kwa mashaka na akakiacha. Waingereza nao wakaja na mtindo mwingine. Gavana Donald Cameron alitaka kutawala kwa kupitia wenyeji, basi 1926 Kinyashi akarudishwa, mazumbe wakapewa mishahara, mabaraza na hazina. Kwa macho ya mtu wa mbali, ufalme ulikuwa umefufuka.

Ukitazama kwa karibu unaona kilichobadilika. Zamani zumbe alikula kwa watu, hivyo watu wakikasirika alilala njaa. Sasa anakula mshahara kutoka boma. Zamani ukimchoka unahama. Sasa mipaka imechorwa, kodi ya kichwa inakufuata, na ardhi ya milimani imejaa. Zamani mfalme mbaya alipinduliwa na ndugu zake kwa kushirikiana na wananchi. Sasa akiguswa, askari wa boma wanapanda kutoka Lushoto. Waingereza waliuacha ufalme na ngoma zake zote, wakaondoa kitu kimoja tu, njia ya watu kumfikia mfalme wao. Tangu hapo Simba Mwene alijibu maswali ya waliokuwa juu yake. Waliokuwa chini wakabaki na malalamiko yasiyo na pa kwenda.

Malalamiko hayo yalipata jina miaka ya 1940: matuta. Serikali iliogopa mmomonyoko wa udongo, na kuogopa huko hakukuwa upuuzi, kwani miteremko ya Mlalo ilikuwa imelimwa hadi mgongoni. Mwaka 1946 ukaanza mradi wa Mlalo, na miaka ya 1950 amri zake zikaenea Usambara. Kila mkulima atengeneze matuta kukata mteremko, mifugo isichungwe hapa, mlimo usifike pale. Wewe umekulia mjini, pengine hujawahi kushika jembe kwenye shamba lililosimama kama ukuta. Kazi ile iliwaangukia sana wanawake, ambao ndio waliolima chakula, na ilikula siku ambazo zingekuwa za kupanda. Watu wakahofu kwamba ardhi ikishapangwa itachukuliwa. Wengine walisema mchanganyiko wao wa migomba, maharage na mahindi ulikuwa ukiufunika udongo tangu enzi, na hakuna aliyewauliza. Na nani alisimama shambani kuhesabu matuta na kutoza faini? Zumbe. Mjukuu wa yule aliyeua nguruwe sasa alikuwa anawatoza watu shilingi kwa sababu ya tuta lililobomolewa na mvua.

Mvua yenyewe nayo ikawa shitaka. Wazee walimkumbuka Kinyashi kama mtu wa mvua. Aliondoka 1929, akashika Magogo. Njaa zilipokuja, watu hawakusema hali ya hewa ni mbaya. Walisema nchi inabanwa. Magogo akajiuzulu 1947 kwa msukumo wa wananchi, akashika Mputa Magogo, naye akarithi matuta na hasira zake. Wakati huo huo jirani zao Wapare, ambao siku hizo walikuwa ndani ya Jimbo la Tanga, walikwisha kukusanyika Same kwa maelfu mwaka 1945 kupinga kodi ya mbiru na machifu walioikubali. TANU ilipopanda milimani katika nusu ya pili ya miaka ya 1950 haikuhitaji kuwafundisha watu kulalamika. Ilikuta malalamiko yameiva, ikayapa kadi.

Sasa tuje kwa Nyerere. Ni kweli serikali yake ndiyo iliyofuta ofisi za machifu kwa sheria za 1963. Lakini neno kupora lina tatizo. Kwanza, aliyefuta alikuwa mwenyewe mtoto wa Chifu Burito wa Wazanaki, na baadhi ya machifu waliendelea kushika nafasi kubwa katika nchi mpya. Adam Sapi Mkwawa alikuwa Spika wa Bunge. Pili, sehemu nyingine watu hawakusubiri. Wachagga walimchagua Thomas Marealle kuwa Mangi Mkuu mwanzoni mwa miaka ya 1950 kwa shangwe kubwa, na 1960, kabla hata ya Uhuru, wakapiga kura kwamba wanataka rais wa kuchaguliwa badala yake. Usambara hakukuwa na kura kama hiyo. Ila kama ufalme ungekuwa bado umekaa mioyoni, milima ile ingetoa sauti mwaka 1963. Haikutoa ya kutosha kusikika hata Mombo.

Simaanishi kwamba kilichofuata kilikuwa pepo. Walioondoa mazumbe waliweka makatibu na mabalozi, na muda si mrefu wakulima wa nchi hii walihamishwa kwenye vijiji vya ujamaa kwa amri, katikati ya miaka ya 1970, bila kuulizwa zaidi ya walivyoulizwa kuhusu matuta. Pia palipotea mambo mema: mabaraza ya kusuluhisha kesi za mipaka kwa lugha ya watu wenyewe, misitu midogo ya matambiko iliyokuwa haiguswi, na kumbukumbu ya nani alizikwa wapi. Wazee wa ukoo wako wakiyalilia hayo wana haki, na mdogo wako asiwacheke.

Kuhusu mvua ya bibi, tafadhali msimjibu kwa ramani ya hali ya hewa. Najua mvua za masika na vuli zinatoka Bahari ya Hindi na hazimuulizi mtu ukoo wake, na najua misitu iliyokatwa Usambara imeharibu vijito vingi kuliko kuondoka kwa mtawala yeyote. Bibi naye huenda anajua. Anaposema mvua ziliharibika anasema kwa lugha ya kikwao kwamba hakuna tena mtu mmoja anayeweza kuwajibishwa kwa hali ya nchi. Hiyo ni hoja ya siasa, na ni nzito kuliko nyingi ninazosikia redioni.

Hoja mbili za baba mkubwa za siku hizi nitazipitia haraka. Rais Samia alipewa jina la Chifu Hangaya huko Mwanza Septemba 2021, na tangu hapo machifu wamealikwa kwenye matamasha na mikutano ya serikali. Hiyo ni heshima ya kiutamaduni. Haijafufua ofisi yoyote iliyofutwa. Katiba yetu, ibara ya 29, inasema hakuna raia atakayekuwa na haki, hadhi au cheo maalumu kwa misingi ya nasaba, jadi au urithi wake. Uganda nako, falme zilifutwa 1967 na kurejeshwa 1993, lakini katiba yao inawakataza viongozi wa jadi kuingia siasa za vyama, na mivutano haikuisha: Septemba 2009 Kabaka wa Buganda alizuiwa kwenda Kayunga, na watu wakafa katika ghasia za Kampala. Anayetaka ya Uganda ayachukue na hayo.

Kama unataka mfano wa kumwonyesha baba mkubwa, mpe Uingereza. Mwaka 1992 kasri la Windsor liliungua, serikali ikasema itagharimia ukarabati, na wananchi wakaja juu: kwa nini tulipe sisi? Malkia hakutoza mtu mbuzi. Alikubali kulipa kodi ya mapato kuanzia 1993, na kasri jingine likafunguliwa kwa watalii wenye kulipa kiingilio ili kusaidia gharama. Kisha mpe Eswatini. Vyama vya siasa vilipigwa marufuku huko 1973, na vijana walipoandamana Juni 2021 kudai mageuzi walijibiwa kwa risasi, na intaneti ikazimwa. Falme zote mbili zipo hadi leo, lakini moja inalala mlango wazi. Na ona jinsi ugomvi wa kwanza ulivyofanana na wa kwenu. Ulianza na swali la nani analipa.

Basi kuhusu 50,000. Ukoo unaweza kuchangishana kama unavyochangishana harusi na misiba, kwa hiari. Hauwezi kulazimisha. Katiba ibara ya 138 inasema kodi hutozwa kwa sheria ya Bunge, na ibara ya 20 inakataza kumlazimisha mtu kujiunga na umoja wowote. Mtu akikwambia usipolipa hutazikwa na ukoo, hilo ni tishio la kijamii, si la kisheria, na dawa yake ni kuzungumza na wazee wengine wawili watatu wenye busara kabla kikao kijacho hakijafika. Nimeliona tishio hilo mara nyingi. Sijawahi kuliona likitekelezwa kaburi likiwa wazi.

Kwenye ardhi nikuombe uwe macho zaidi, kwa sababu hapo ndipo utani unapoisha. Hakuna kitu kinachoitwa mashamba ya wafalme katika sheria zetu za leo. Ardhi yote ni ya umma chini ya udhamini wa Rais, na ardhi ya kijiji inasimamiwa na halmashauri ya kijiji kwa Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999. Anayelima pale tangu enzi za babu yake ana haki inayolindwa, na dai la kurudishiwa ardhi kwa kawaida hufa baada ya miaka 12. Baba mkubwa akipanda Vuga na kundi la vijana kuweka alama kwenye shamba la mtu, hatakuwa Simba Mwene. Atakuwa mshitakiwa, na jina lenu lote litakuwa kwenye jalada. Mwambieni mapema, tena mumwambie faragha ili asiaibike.

Mdogo wako naye nina neno naye. Kukosoa ni haki yake, ibara ya 18 inampa. Lakini kwenye kundi la watu mia moja, kumwita mtu mwizi au kusambaza habari asiyo na uhakika nayo kunaweza kumfikisha kwenye Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015. Aseme kuhusu ada za yatima, hiyo ni hoja. Aache kusema babu zetu wote walikuwa madhalimu, kwa sababu hawakuwa wote, na kwa sababu akisema hivyo wazee wanapata kisingizio cha kutomjibu kuhusu ada.

Unauliza mfanye nini. Mnaweza kukataa mpango wote, na kisheria hakuna tatizo, ila mtakuwa mmewaachia usimikaji wale tu wanaoupenda bila maswali. Mnaweza kukubali asimikwe mzee wa mila, lakini kwa maandishi: cheo ni cha heshima, hakina ardhi, mapato na matumizi husomwa mbele ya ukoo kila mwaka, na imetajwa wazi ni nani anaweza kumwambia imetosha na kwa njia gani. Wapeni kazi hiyo wajomba. Itakuwa mila ya kweli kuliko ngozi ya chui, ambayo, niwakumbushe, ni nyara ya serikali na itawapeleka polisi msipokuwa na kibali. Umoja wa namna hiyo husajiliwa kwa Msajili wa Vyama, Wizara ya Mambo ya Ndani, na afisa utamaduni wa halmashauri atawaelekeza. Ningekuwa mimi, ningeahirisha usimikaji kabisa na kutumia mwaka mzima kurekodi wazee na kuorodhesha makaburi. Lakini mimi ni mwalimu wa historia, na njaa humfanya kila mtu aone chakula chake.

Ikitokea vitisho, au mtu akaanza kupima shamba la mwingine, msiendelee kuandikia watu kama mimi. Nendeni kwa halmashauri ya kijiji, kisha baraza la ardhi la kata, ambalo siku hizi husuluhisha tu, na ikishindikana Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Wasaidizi wa kisheria wapo Tanga mjini na Lushoto, na kazi yao ni bure. Na kama shida kubwa ni kwamba kaka na dada hawasalimiani tena, tafuteni mzee mmoja asiyemo kwenye kundi hilo la simu, mkutane uso kwa uso, mahali penye kivuli.

Lingine ni la bibi. Kama ana miaka themanini na zaidi, alikuwa msichana wakati wa matuta. Nenda kakae naye, uzime simu, umuulize mama yake alilima wapi, na ni zumbe gani aliyekuja kuhesabu. Usimuulize kama ufalme ulikuwa mzuri au mbaya. Muulize faini ilikuwa shilingi ngapi, na nani aliilipa.